Vidole Safi

Tulitoka darasa moja, asubuhi moja,
Obura, Nekoye, Chepkirui na mimi,
tukafuata reli ya Kibos hadi ofisi ya chifu.
Kufikia saa nne wenzangu walikuwa na wino hadi kiganjani,
wakicheka, wakijifutia ukutani,
Obura akampaka Nekoye pua.
Mimi niliambiwa: wewe wa jina hili, kaa benchi lile.

Jina hili ni Zamzam Rehan Farajallah.
Nililitaja mara tatu.
Mara ya tatu karani akaandika Zamu.

Benchini nilimkuta Marjan, fundi baiskeli,
mwaka wake wa sita huu, chai yake kwenye chupa.
"Wakiwa watatu huuliza makaburi," alininong'oneza,
"wakiwa wanne huuliza lugha. Leo wako wanne."

Waliuliza vyote.

Babu wa babu yako alitoka wapi?
Nikakunjua karatasi ya kuachishwa jeshi,
matundu mawili ya mchwa na muhuri wa mfalme aliyekwisha kufa.
Alikuja kwa miguu, nikasema,
amebeba bunduki isiyo yake.
Hatukuuliza alivyokuja. Tumeuliza alikotoka.

Sema kitu kwa lugha yenu.
Kitu gani?
Chochote.
Ukiamriwa useme chochote, ulimi huwa jiwe.
Nikasema: ita min wen,
wewe watoka wapi,
swali pekee lililokuwa karibu na meno.
Karani akaniuliza linavyoandikwa.

Dirishani miwa ilikuwa imesimama, mistari kwa mistari,
miwa iliyoletwa, sasa ni mwenyeji.
Na kule ziwani gugumaji,
lililofika juzi tu, likakaa, likazaa,
nani alilidai jina la babu?

Wa nne alikuwa kimya hadi hapo.
Mama Ajwang', nyumba ya tano kutoka kwetu,
panga letu liko kwake tangu Ramadhani.
Akauliza, macho yake ndani ya faili:
"Hapa Kibos, nani anakujua?"

Ningejibuje?

Bibi yangu Bakhita alikuwa mkunga.
Usiku mto ulipovunja kingo
alivuka maji ya kiuno, wembe mpya kwenye pindo la leso,
akampokea mwana wa kwanza wa mama huyu huyu.
Katika fomu ya mtoto, pale pa shahidi,
pana dole la bibi, nene, limepinda kidogo
kama punje ya kahawa.
Serikali ililiamini dole hilo.
Mtoto ndiye Obura,
na Obura alikuwa nje, wino wake puani mwa Nekoye.

Sikusema.
Adabu ni mzigo, nami nilifunzwa kuubeba bila kata.
Nikasema tu: bibi yangu alinijua.
Yuko wapi?
Nyuma ya msikiti.
Anaishi huko?
Amezikwa huko.
Kaburi lina namba?

Mama Ajwang' akakohoa, akakifunika kifuniko cha kalamu,
akakifunua.
Nilipotoka nikasikia muhuri ukigonga meza,
lakini muhuri wa kukubali na wa kukataa
una sauti moja.

Rudi Jumanne.
Jumanne ipi?
Utaambiwa.

Jioni Obura alikuja kwetu na panga,
limenolewa, limefungwa gazeti.
Mama amesema nilirudishe, alisema.
Kwa nini leo?
Hakusema.
Akauliza: wamekupa?
Nikamwonyesha vidole vyangu kumi,
safi, kama vya mtu aliyekwisha oshwa.

Akasimama mlangoni muda, ameegemea,
akitafuta neno, akalikosa, akaaga.
Taa ilipowashwa nikaona kwenye mwimo,
pale bibi alipokuwa akishika akivua viatu,
dole moja jeusi.

Jumanne mbili zimepita.
Mama yangu amepiga deki, amepangusa ukuta, amefagia uzio.
Pale pamoja hapagusi.